Fumbo Lililofanywa Kichekesho

Wako miongoni mwetu, washairi na wapenzi wa lugha, wanaoikunjia uso misemo inayovuma mitandaoni kutoka tamthilia za Kihindi. Husema ni takataka, na kwamba vijana wameacha beti wakakumbatia vipande vya maneno. Hoja hiyo ni dhaifu. Filamu ya Sholay ilipotoka mwaka 1975, hata mazungumzo yake yaliuzwa kwa santuri, na watu wakayahifadhi kwa ghibu. Kulipenda neno lililosemwa vyema si maradhi ya leo.

Tuuchukue msemo mmoja. Katika tamthilia ya Panchayat, iliyoanza kuoneshwa mwaka 2020, Bhushan, mkazi wa kijiji cha kubuni cha Phulera asiyeridhika na uongozi, humgeukia mwenzake na kumwambia: "Unaona, Binod?" Tangu msimu wa pili, mwaka 2022, msemo huo umevuma mno nchini India. Sisi tuliolelewa na misemo ya kanga tulipaswa kuutambua upesi, kwani hilo ni fumbo. Anayeambiwa ni Binod. Anayekusudiwa ni mwingine.

Basi ubaya uko wapi? Uko katika kulikata neno likaachana na kisa chake. Mkuu wa Phulera aliyechaguliwa ni Manju Devi, lakini kwa muda mrefu anayeamua mambo ni mumewe. Hiyo si ndoto ya mtunzi. Mageuzi ya katiba ya India yaliyoanza kutumika mwaka 1993 yaliwatengea wanawake angalau thuluthi ya viti na ya uenyekiti katika mabaraza ya vijiji. Na waume wanaotawala kwa majina ya wake zao wana hata lakabu yao huko, "pradhan pati". Bhushan ni mchochezi mwenye tamaa zake, lakini uongozi anaounyooshea kidole ndio huo. Mtandaoni kimebaki kidole, kinachooneshwa kimetoweka.

Fumbo mfumbie mjinga, mwerevu atalifumbua. Lawama na ziende zinakostahiki: si kwa waliotunga msemo, wala kwa walioupenda. Mshairi anayelidharau fumbo kwa kuwa limetoka kwenye simu, na kijana anayelicheka asiulize alikusudiwa nani, wote wawili wamemwacha Manju Devi nje ya kiti chake.