PICHA YA SHAMBA LETU IPIGWE NA NANI?

Wakulima wenzangu wa skimu, si ajabu kumwona mtu mwenye kamera kando ya barabara ya Subukia au Njoro akipiga picha za mashamba yetu. Wengine wetu humfukuza. Wengine huvaa nguo za Jumapili wakasimama wima. Kwa maoni yangu hakuna hata moja linalofaa.

Sinema za wakulima si jambo geni. Kati ya mwaka 1935 na 1937, huko Vugiri katika milima ya Usambara, Tanganyika, zilitengenezwa filamu zaidi ya 30 za kufundisha kilimo, afya na kuweka akiba, zikatembezwa kwa gari hata Kenya. Mafunzo mengi yalikuwa mema, lakini kamera ilikuwa mkononi mwa mwalimu. Mkulima alikuwa mtu wa kutazamwa na kuambiwa tu.

Sasa fikirini habari ya Bwana Kisilu Musya, mkulima wa Mutomo, Kitui. Bibi Julia Dahr, mtengeneza filamu kutoka Norway, alifika kwake, naye Bwana Kisilu akapata kamera ya kutumia mwenyewe. Kwa muda wa miaka kadhaa alipiga picha za jamaa yake, za ukame, na za dhoruba iliyoharibu nyumba yake. Tena aliwahimiza majirani wapande miti. Mwaka 2015 alifika Paris kwenye mkutano wa Umoja wa Mataifa juu ya hali ya hewa. Filamu yao, Thank You for the Rain, ilitoka mwaka 2017. Mgeni aweza kupiga picha ya nyumba iliyoharibika. Lakini mwenye nyumba ndiye aliyekuwapo upepo ulipovuma.

Nasi hapa Nakuru wageni hupenda kupiga picha za flamingo. Je, nani alipiga picha za ziwa lilipopanda miaka ya baada ya 2010, likaingia katika nyumba na mashamba ya jirani?

Basi nashauri mambo matatu. Kwanza, mtu wa kamera akija, mkaribisheni, lakini mwulizeni filamu ni ya nini na itaonyeshwa wapi. Pili, aahidi mbele ya wazee kwamba ataileta ionyeshwe hapa, shuleni au katika jumba la ushirika, tuone tumesemwaje. Tatu, vijana wenye simu wapige picha ya mahali pale pale kila msimu: korongo, mto, mteremko kabla ya matuta na baada yake. Waandike na tarehe.

Wengine watasema picha hazijazi ghala. Ni kweli. Lakini sisi makarani wa kilimo hupokea barua zisemazo "udongo wetu umekwisha", bila kusema wapi wala kiasi gani. Barua kama hiyo ni rahisi kuwekwa kando. Korongo lililopigwa picha miaka mitatu mfululizo, likionekana linapanuka, hakuna ofisa awezaye kulibishia barazani.

Tusingoje mgeni atusemee. Shamba ni letu, na habari zake ni zetu.