Majuto kanichekesha bure

Jumapili iliyopita nimebanwa swali na mtoto wa miaka 10 hapa nyumbani Mbezi Beach, mpaka leo linaniwasha.

Dogo ni mtoto wa dada yangu. Alikuwa kajikunja kwenye kochi na simu yangu, anacheka mpaka machozi. Kuchungulia, kumbe anamwangalia King Majuto! Nikakaa pembeni yake, tukacheka wote, bando likateketea.

Wewe kijana labda unamjua kwa vile vipande vya kwenye simu tu. Ngoja nikupe. Jina lake ni Amri Athumani, mtu wa Tanga, kazaliwa 1948. Kaanza kuigiza angali mtoto, mwaka 1958. Piga hesabu mwenyewe: mpaka anafariki Muhimbili, Agosti 8, 2018, ni miaka 60 ya kuchekesha watu! Jukwaani, kwenye kanda, kwenye luninga, kwenye filamu. Kanumba kaibuka, kawaka, katutoka 2012 akiwa na miaka 28 tu (Mungu amrehemu), mzee bado yuko kazini. Na hakuwa na mbwembwe. Anaingia, anamkazia mtu macho, anatupa neno moja la Kitanga, watu hawana mbavu.

Enzi zetu mzee tulimfuata kibanda umiza. Kulikuwa na kimoja huku kwetu Tangi Bovu, mabenchi ya mbao, joto kama tanuri la mkate. Baadaye tukapata deki nyumbani, nikawa mteja wa machinga wa zile CD za filamu nane kwa moja. Majuto mwanzo mwisho, jalada limefifia mpaka sura yake huioni vizuri. Niliona nimelamba dume.

2018 mzee akaugua, akapelekwa India kutibiwa. Mwaka huo huo aliyekuwa Waziri wa Habari, Harrison Mwakyembe, akaunda kamati ya kupitia mikataba ya wasanii, ya Majuto ikiwemo. Kilio kilikuwa kwamba kazi zinauza, mwenye kazi haoni kitu. Kijiweni tuliwaka, bwana! Wasambazaji tuliwachana vibaya sana, na mwenye sauti kubwa kuliko wote nilikuwa mimi.

Sasa dogo kaniuliza, "Anko, huyu babu anaishi wapi?"

Nikamwambia alishafariki, kazikwa kwao Tanga.

"Zamani ulikuwa unamwangalia kwenye simu?"

"Simu wapi! Tulikuwa tunanunua CD."

Akafikiri kidogo. "Kwa hiyo ulikuwa unamlipa yeye?"

Nikamwambia aende akamsaidie mama yake kuosha vyombo.

Zile CD bado ziko kwenye boksi chini ya kitanda. Jana usiku nimezitoa nikazihesabu. Ziko 14, na orijino hakuna hata moja.