Charles Mingus na Fasili Yetu ya Fasihi Simulizi

Muulize mwanafunzi yeyote wa Kiswahili maana ya fasihi simulizi, naye atakujibu pasi na kusita kuwa ni sanaa ya lugha inayopitishwa kwa njia ya mdomo. Ukimdadisi zaidi, huenda akaongeza kwamba ndiyo fasihi ya jamii zisizojua kuandika. Jibu hilo la pili niliwahi kuliandika mtihanini, nami nikatuzwa alama zote. Tangu hapo limeniondokea utamu, na aliyeliondoa si mhakiki wa fasihi bali ni mpiga besi wa Marekani, Charles Mingus (1922–1979).

Msomaji asidhani kuwa nazungumzia jazi ya akina Tabora Jazz, Morogoro Jazz au Victoria Jazz, bendi ambazo zilitwaa jina hilo zikalivika dansi la Afrika Mashariki. Jazi ya Mingus ni ile ya Wamarekani weusi, yenye mizizi katika bluzi na nyimbo za kanisani. Ala yake, hata hivyo, si ngeni kwetu. Ni ile besi ya kusimama, inayomzidi mtu kimo, ambayo hunguruma nyuma ya fidla katika vikundi vya taarabu vya Zanzibar kama Ikhwani Safaa na Culture Musical Club. Aghalabu mpiga besi huwa mtu wa nyuma, asiyetazamwa. Mingus aliongoza kundi zima akiwa papo hapo nyuma, na mwenye kukosea alikaripiwa mbele ya hadhira.

Alizaliwa Nogales, Arizona, akalelewa Watts katika jiji la Los Angeles. Alianza na tromboni, akahamia selo, kisha akaishika besi baada ya kuambiwa kwamba kijana mweusi hangepata nafasi katika okestra za muziki wa kizungu hata angekuwa hodari namna gani. Alisomea besi kwa Herman Reinshagen, aliyekuwa amepiga katika okestra ya New York Philharmonic, na utunzi kwa Lloyd Reese. Nalisisitiza jambo hili kwa sababu hoja yangu yote imelitegemea: Mingus alikuwa msomi wa nota. Aliweza kuandika sehemu ya kila ala katika kundi kubwa, na alifanya hivyo tangu ujana wake.

Kisha akaiweka kalamu kando. Katika maelezo yaliyoambatana na sahani yake ya Pithecanthropus Erectus ya mwaka 1956, alieleza kuwa sasa alitunga katika karatasi ya akilini, akawafundisha wanamuziki wake sehemu zao moja baada ya nyingine, kwa kuzipiga kwenye piano hadi zikawaingia. Sababu yake ilikuwa wazi. Nota zilizoandikwa humfanya mpigaji asome, ilhali yeye alitaka mpigaji aseme. Alipompangia mtu sehemu yake, hakuwa akipangia saksofoni, bali alikuwa akimpangia mtu yule mwenye tabia ile, akamwachia nafasi ya kuongeza lake. Je, huyu si fanani anayekirithisha chipukizi kisa huku akimruhusu akisimulie kwa ulimi wake? Basi usimulizi wa Mingus haukutokana na ukosefu wa maandishi. Aliyafahamu, akayapima, akaona yanampunguzia kitu.

Ukitaka mfano ulio karibu zaidi na somo letu, sikiliza wimbo wake wa kumkejeli Orval Faubus, gavana wa Arkansas ambaye mwaka 1957 alitumia askari kuwazuia wanafunzi tisa weusi wasiingie shule ya upili ya Central huko Little Rock. Katika sahani ya Mingus Ah Um ya mwaka 1959, iliyotolewa na kampuni ya Columbia, wimbo huo hauna maneno. Mwaka uliofuata aliurekodi tena katika kampuni ndogo ya Candid, mara hii akiuliza na mpiga ngoma wake, Dannie Richmond, akimjibu kwa dhihaka. Muundo ni ule ule wa mwito na mwitikio tuufundishao katika nyimbo za kazi na za siasa. Sahani hiyo hiyo ya 1959 ina mbolezi pia, aliyomtungia mpiga saksofoni Lester Young, aliyefariki Machi mwaka ule.

Najua nitakavyopingwa. Wapo watakaosema kuwa kisichoandikwa hupotea, na maisha ya Mingus yenyewe yanawapa ushahidi. Oktoba 1962 aliandaa tamasha kubwa katika ukumbi wa Town Hall, New York, akarejea kwenye karatasi kwa sababu kundi lilikuwa kubwa mno kufundishwa kwa kusikia. Muda haukutosha. Wanakili walikuwa bado wanaandika nota jukwaani huku hadhira imeketi. Siku chache kabla yake, katika ugomvi juu ya kazi hiyo, alimpiga ngumi Jimmy Knepper, mpiga tromboni wake wa miaka mingi, akamvunja jino. Sioni haja ya kulipamba tendo hilo kwa jina la hasira za msanii. Mahakama ilimtia hatiani, na ilistahili. Tamasha lilivunjika vibaya. Lakini karatasi hazikutupwa. Miaka kadhaa baada ya kifo chake, Andrew Homzy alizikuta alipokuwa akiorodhesha nyaraka zake, na mwaka 1989 kazi hiyo iitwayo Epitaph, inayochukua zaidi ya saa mbili, ilipigwa New York chini ya uongozi wa Gunther Schuller.

Nakubali: bila karatasi tusingekuwa na Epitaph. Vivyo hivyo, bila Mwalimu Sikujua na W. E. Taylor, mengi ya Muyaka wa Mombasa yangezikwa pamoja na wazee waliokuwa wakiyakariri. Lakini tutazame nani alihifadhi nini. Muyaka aliishi katika mji uliokuwa na waandishi wa hati za Kiarabu, na bado mashairi yake yalidumu vinywani mwa watu kwa miongo mingi. Watu hao hawakuwa wakingoja kalamu ije iwakomboe.

Mwaka 1977 Mingus aligunduliwa kuwa na maradhi ya kupooza misuli, akawa mtu wa kiti cha magurudumu. Vidole vilivyokuwa vikitetemesha nyuzi havikuweza tena kushika besi, wala kalamu, wala kugusa piano. Hakuacha kutunga. Aliimba tuni zake katika kinasa sauti, wengine wakazisikiliza na kuziandika, na Joni Mitchell akazitilia maneno baadhi ya tuni alizomtungia. Alifia Cuernavaca, Mexico, tarehe 5 Januari 1979, na mkewe Sue akayapeleka majivu yake India, akayamwaga katika mto Ganges.