Hakimu aandike jina la askari
Na Mariamu Ndayizeye, safu ya kila wiki, Bujumbura

Mtu akitishiwa maisha hapa Bujumbura, njia anayopita tunaijua sote. Anaanzia kwa mkuu wa nyumba kumi, anapanda hadi zoni, anaelekezwa kwa OPJ, ofisa wa polisi wa upelelezi, na akiwa na wakili au moyo mgumu anafika parke, ofisi ya mwendesha mashtaka. Mara nyingi kwenye milango hiyo anaulizwa kama ameshapigwa. Asipokuwa na jeraha la kuonyesha, anaambiwa arudi nyumbani, akiona jambo apige simu. Swali hilo linaniudhi. Kanuni ya adhabu ya nchi hii inahesabu vitisho kuwa kosa, hata kabla mkono haujanyanyuliwa.

Na kujulikana na vyombo vya dola si kinga: mtetezi wa haki Pierre Claver Mbonimpa hakuwa mgeni kwavyo. Aliwahi kuwa polisi, akafungwa gereza la Mpimba miaka ya 1990, na mwaka 2001 akaanzisha shirika la APRODH kutetea wafungwa. Mei 2014 alisema redioni kwamba vijana wanapewa silaha na kupelekwa Kongo kufunzwa. Akakamatwa, na hakuachiliwa hadi mwisho wa Septemba. Tarehe 3 Agosti 2015, akirudi nyumbani kwa gari, alipigwa risasi na mtu aliyekuja kwa pikipiki. Alipona, akapelekwa Ubelgiji kutibiwa. Jamaa zake waliobaki hapa ndio walioendelea kulengwa: Oktoba mkwewe aliuawa, na Novemba mwanawe, ambaye watetezi wa haki wanasema alikuwa amesimamishwa na polisi mtaani Mutakura.

Kwa hiyo anayesema “nenda mahakamani uombe ulinzi wa polisi” ajibu kwanza: polisi yupi, na anapokea amri kwa nani? Wakenya walilijua swali hili kwa uchungu. Wakili Willie Kimani alikuwa akimtetea mtu aliyemshtaki polisi kwa kumpiga risasi. Juni 2016 wakatoka mahakamani Mavoko, yeye, mteja wake na dereva wa teksi. Wote watatu wakatekwa na kuuawa. Mwaka 2022 Mahakama Kuu iliwatia hatiani maofisa watatu wa polisi na raia mmoja aliyekuwa mpasha habari wao.

Sisemi mahakama haifai. Nasema amri inayosema tu “polisi wamlinde fulani” haina mwenyewe. Hakimu aandike jina la anayetisha na mahali asipopaswa kukanyaga. Aandike pia jina la ofisa atakayewajibika, na la mkuu wake, kisha awape tarehe ya kurudi mbele yake kueleza walichofanya. Na mtishaji akiwa mwenyewe amevaa sare, ulinzi usikabidhiwe kituo anachofanyia kazi. Ofisa aliyeandikwa jina hawezi kusema kesho kwamba haikuwa zamu yake.

Kenya ina sheria ya 2015 dhidi ya ukatili wa nyumbani: hakimu anaweza kutoa amri ya muda ya ulinzi hata kabla ya kumsikiliza anayelalamikiwa, na anayeivunja anashtakiwa kwa jinai. Mama anayefuatwafuatwa sokoni na mume waliyeachana naye, au anayepigiwa simu usiku kutoka namba asiyoijua, anahitaji kasi ya namna hiyo. Kesi ya kawaida itamkuta ameshahama mtaa, au ameshazikwa.

Sisi nasi tunayo sheria ya tarehe 27 Juni 2016 ya kuwalinda wahanga, mashahidi na watu wengine walio hatarini. Ni wangapi Buyenzi, Bwiza au Kinama wamewahi kuiona? Wizara ya Sheria iichapishe kwa Kirundi na Kiswahili, iibandike kwenye kila zoni na kila kituo, na iweke fomu ya ombi ambayo mtu asiye na wakili anaweza kuijaza mwenyewe, bila malipo, na kuondoka na nakala yenye mhuri siku hiyo hiyo.