Nyumbani Kwetu: Kusikia si Kusikiliza

Ndugu wasomaji, wako watakaosema kwamba muziki si jambo la ukurasa huu wa mapishi na malezi. Mimi naona ni jambo la nyumbani sawa na chumvi: ukikosekana unatamaniwa, na ukizidi haunogi.

Nyumbani kwangu ulizidi. Simu yangu ina mamia ya nyimbo, nami nilizifungulia tangu wakati wa uji hadi watoto walipolala. Lakini lau ungaliniuliza jioni ni nyimbo gani zilizopigwa, nisingaliweza kuutaja hata mmoja.

Aliyenizindua ni baba yangu, askari polisi mstaafu. Katika ujana wake alilenga shabaha miaka mingi pasipo kuziba masikio, na sasa usikivu wake umepungua. Jioni moja ulikuwa ukipigwa wimbo "Mario" wa Franco Luambo Makiadi na T.P. O.K. Jazz, uliotolewa mwaka 1985. Ni kisa cha kijana anayetunzwa na mwanamke aliyemzidi umri, nasi watoto wa kambini hapa Uganda tulikua nao. Baba akaniita: "Mwanangu, besi naisikia. Maneno nayapata. Lakini gitaa la solo limenipotea. Hebu niambie, linasema nini hapo?"

Nilisimama na mwiko mkononi, sina jibu. Wimbo huo nimeusikia tangu utotoni, lakini sikuwahi kuusikiliza.

Wazee wetu walikuwa na bahati moja. Santuri ndogo haikuweza kubeba wimbo mrefu upande mmoja. Mara nyingi kisa kiliimbwa taratibu upande wa kwanza, na sebene, yaani ile sehemu ya magitaa na kucheza, ikawekwa upande wa pili. Mtu alilazimika kuinuka na kuigeuza. Hakuweza kusahau kwamba anasikiliza.

Basi tumejiwekea desturi kila Jumamosi baada ya chakula cha jioni, nami nawashauri muijaribu:

Mosi, chagueni wimbo mmoja tu. Televisheni izimwe, na simu inayopiga wimbo ilazwe kifudifudi.

Pili, usikilizeni mara tatu. Mara ya kwanza fuateni maneno. Mara ya pili besi na ngoma. Mara ya tatu magitaa, namna moja linavyouliza na jingine linavyojibu.

Tatu, kila mtu, hata mtoto mdogo, aeleze alichokisikia. Asichekwe.

Nne, sauti iwe ya kiasi. Shirika la Afya Duniani linashauri isizidi desibeli 80 kwa saa 40 kwa juma; ikipanda zaidi, muda nao upunguzwe sana. Ikiwa huna budi kupaza sauti ili aliye karibu nawe akusikie, muziki huo ni mkubwa mno.

Na ninyi askari wetu, zibeni masikio mnapokwenda shabaha. Kuyaziba si woga. Sikio likishaharibiwa na mlio wa bunduki kwa miaka mingi, halirudi kuwa kama lilivyokuwa, na sauti nyembamba ndizo hutangulia kupotea.

Jumamosi iliyopita tuliurudia "Mario." Mwanangu mwenye umri wa miaka minane alimsogelea babu yake, akamwambia sikioni: "Babu, gitaa linapanda juu, halafu linarudi palepale, kama mtu aliyesahau kitu nyumbani."

Mzee alicheka, akampigapiga begani. "Hivyo hasa," akasema. "Hivyo ndivyo lilivyokuwa."

Gitaa lile halitamrudia baba yangu. Lakini sasa yuko wa kumsimulia, na mimi nimejifunza kulisikia kabla sijachelewa. Nyimbo zimepungua nyumbani kwetu, na starehe yake imezidi.

Hadi juma lijalo, kwaherini.