NYUMBA MOJA KWA BEI YA NYUMBA TATU



 



Safari hii tunasema na wenye familia, baba na mama pamoja, na hasa wale waliokwisha kuchukua fomu za benki na bado hawajatia saini. Baba mmoja wa watoto tunaowasomesha alitujia baada ya Ishaa na barua ya benki mkononi. Anataka mkopo anunue nyumba hapa hapa Nalufenya. Na alichokuja kutafuta kwetu hakikuwa hesabu, ilikuwa fatwa. "Maalim," alisema, "nimeambiwa nyumba ya kuishi ni dharura, na dharura huhalalisha kilichoharamishwa. Ni kweli?"

Tulimuuliza jambo moja tu: mpaka utakapomaliza kuilipa, nyumba hii itakuwa imekugharimu kiasi gani? Akaitazama barua, akaigeuza nyuma, hakuna. Malipo ya kila mwezi aliyajua mpaka shilingi ya mwisho. Lakini JUMLA hakuijua, mkewe hakuijua, na aliyempa barua hakumwambia. Na ilhali miongozo ya Benki Kuu ya Uganda ya mwaka 2011 ya kumlinda mteja inamtaka mkopeshaji aeleze gharama na masharti kabla ya mkataba! Usipouliza utapewa kalamu tu.

Basi tulikaa chini tukapiga hesabu. Hapa tumebadilisha tarakimu ili tuhifadhi siri yake, lakini mtindo ni ule ule. Chukua nyumba ya shilingi milioni 150. Mnunuzi anatoa milioni 30 zake, na benki inatoa milioni 120, kwa miaka 20, kwa riba ya asilimia 18 kwa mwaka, kiwango ambacho si kigeni kwa mikopo ya shilingi hapa Uganda. Malipo ya kila mwezi yanakuwa shilingi 1,852,000 hivi. Zidisha kwa miezi 240. Utapata milioni 444 na zaidi kidogo. Ongeza zile milioni 30 za mwanzo, ni milioni 474. Nyumba ya milioni 150! Na hapo hatujagusa ada ya mkopo, mthamini, wakili, ushuru wa stempu na bima.

Lakini jumla siyo iliyomtoa jasho yule ndugu yetu. Kilichomtoa jasho ni mwezi wa kwanza. Katika zile 1,852,000, riba peke yake ni 1,800,000. Deni lenyewe linapungua kwa shilingi 52,000 tu. Yaani amefanya kazi mwezi mzima, amewabana watoto, ameahirisha ada ya madrasa (hilo tunalijua sisi, maana huwa ndiyo ya kwanza kuahirishwa), na sehemu ya nyumba aliyoinunua haifiki hata bei ya mabati mawili ya maana. Baada ya miaka mitano atakuwa amekwisha kulipa milioni 111, na bado anadaiwa milioni 115. Baada ya miaka kumi amelipa milioni 222, na anadaiwa zaidi ya milioni 102. Nusu ya deni haivuki mpaka mwaka wa kumi na saba. Mtoto aliyekuwa Alif-Ba siku ya saini ameshaoa, na baba bado hajafika nusu!

Watu hudhani deni hupungua sawasawa kama gunia la mchele, kila siku kibaba. Sivyo. Benki hula riba yake kwanza, na kinachobaki sahanini ndicho kinachopunguza deni. Ndiyo maana anayeuza nyumba mwaka wa sita kwa sababu kazi imekatika hugundua kuwa alikuwa mpangaji tu, tena mpangaji aliyejitengenezea paa mwenyewe.

Sasa tujiulize, nani hapa kwetu anaweza malipo kama hayo? Tangu mwaka wa fedha 2022/23 serikali ilipandisha mshahara wa mwalimu wa sayansi wa sekondari mwenye digrii hadi shilingi milioni 4. Alhamdulillah, ni kheri. Baada ya kodi anabaki na kama milioni 2.9. Mkopo huu unamchukulia karibu theluthi mbili. Kilichobaki ndicho chakula, ada za shule, mama mzazi kijijini na maradhi. Na huyo ndiye aliyenyanyuka miongoni mwetu. Mwenye duka la rejareja hata hesabu hii haimhusu, ingawa naye fomu huletewa.

Tena hayo yote ni kwa riba iliyosimama mahali pamoja. Someni mkataba, mtakuta benki imejiwekea haki ya kubadilisha kiwango. Julai 2011 Benki Kuu ilianza kutangaza kiwango chake cha riba, ikaanza na asilimia 13. Kufika Novemba mwaka ule ule kilikuwa asilimia 23, na riba za mikopo zikapanda nyuma yake. Kwa mkopo wa mfano wetu, ukipanda kutoka 18 kwenda 24 katika mwaka wa pili, riba ya mwezi peke yake inazidi milioni 2.3. Wewe ulikuwa unalipa 1,852,000. Kwa hiyo unalipa kila mwezi kwa uaminifu, na deni LINAKUA. Wengine huambiwa wakope kwa dola kwa kuwa riba yake ni ndogo, na mshahara wao ni wa shilingi. Hao tunawaombea dua.

Turudi kwenye ile fatwa. Hukumu ya riba si jambo la kutafutiwa. Suratul Baqara kuanzia aya ya 275 imelimaliza, na hadithi ya Jabir katika Sahih Muslim inawaweka katika laana moja mla riba, mwenye kuilisha, mwandishi wake na mashahidi wawili. Tusichanganye mambo, rehani yenyewe si haramu. Mtume (S.A.W.) alifariki na deraya yake ikiwa rehani kwa Myahudi kwa ajili ya shayiri ya familia yake. Lakini deni lile lilikuwa shayiri iliyojulikana kipimo chake, halikuzaa.

Wanaosema "dharura" wana karatasi yao. Mwaka 1999 Baraza la Ulaya la Fatwa na Utafiti liliwaruhusu Waislamu wa nchi zile kununua nyumba ya kuishi kwa mkopo wa benki. Liliweka masharti: iwe nyumba ya kuishi mwenyewe na familia yake, asiwe na nyingine, asiwe na mali ya kumwezesha kununua bila mkopo huo, na asipate njia badala. Wanazuoni wengi waliipinga hata hivyo. Sisi hatutaki kuingia katika ugomvi wao. Tunachosema ni kuwa fatwa ile ilitazama mtu wa mjini Ulaya, ambaye hawezi kununua kiwanja akajenga chumba kimoja mwaka huu na cha pili mwaka ujao. Kuichukua fatwa hiyo na kuivusha mpaka kwenye daraja la Nile ni kumvika mtoto kanzu ya babu yake. Na dharura katika fiqhi ni kitu kinachoondoa madhara. Je, mkopo unaochukua theluthi mbili za mshahara kwa miaka 20 unaondoa dhara gani? Unahamisha dhara kutoka kwa mwenye nyumba anayedai kodi, na kulipeleka kwa anayeweza kukupiga mnada.

Tunajua watatujibu: "Maalim, kodi nayo ni pesa inayopotea, na bei ya viwanja inapanda tangu Jinja ilipofanywa jiji mwaka 2020." Ni hoja, na hatuidharau. Basi tuipige hesabu nayo. Familia ile ile yenye uwezo wa kutoa 1,852,000 kwa mwezi iendelee kupanga nyumba ya shilingi 450,000. Zinabaki milioni 1.4. Kwa milioni 1.4 kila mwezi unafikisha milioni 120 kwa miezi 86, yaani miaka saba na miezi miwili. Kodi yote ya muda huo ni milioni 38.7. Ukijumlisha na milioni 30 zako, nyumba na kodi ni chini ya milioni 190. Vifaa vitapanda? Vitapanda, na pengine miaka saba itakuwa tisa au kumi. Lakini mwaka 2024 bei za vitu hapa Uganda zilipanda kwa chini ya asilimia 5, na riba ni 18. Na matofali uliyochoma mwaka huu hayapandi bei mwakani.

Tena nani amesema mtu angoje mpaka zitimie zote? Tazameni Mafubira, tazameni Bugembe, watu wananunua kiwanja, wanajenga vyumba viwili vya uani, wanahamia, kodi inakatika, kisha nyumba kubwa inapanda polepole mbele yao. Kina mama wa nigiina wamepaua nyumba kwa zamu, mwezi huu kwa fulani, mwezi ujao kwa mwenzake, bila shilingi moja ya riba. Nyumba isiyo na lipu siyo aibu. Aibu tumeijenga sisi wenyewe kwenye harusi na mazungumzo ya Eid, pale anayehamia nyumba yenye vigae husifiwa, na hakuna anayemuuliza ni ya nani.

Sasa tunasema na akina mama. Sheria ya Rehani ya Uganda ya mwaka 2009 hairuhusu nyumba ya ndoa kuwekwa rehani bila idhini ya mwenza. Maana yake ni kwamba karatasi haiendi popote bila saini yako. Wengi husaini jikoni, mkono una unga, kwa kuwa baba watoto amesema "weka hapa." Aya ndefu kuliko zote katika Qur'an, ya 282 ya Suratul Baqara, ni ya kuandika deni na kulishuhudisha. Allah ametufundisha tuandike, na sisi tunasaini lililoandikwa bila kulisoma! Kumuuliza mume jumla ya deni si ukaidi. Zaidi linahusu pale alipotia rehani nyumba iliyokwisha kuwapo, ile ya urithi, ili apate mtaji wa biashara. Hapo mnacheza na paa lililokwisha kulipiwa na wazee.

Wajue pia njia ya kutoka ilivyo. Ukishindwa kulipa, sheria ile inakupa ilani ya siku 45 za kazi urekebishe, kisha ilani ya mauzo ya siku 21 za kazi. Na kwa kanuni za mwaka 2012, anayekwenda mahakamani kusimamisha mnada anaweza kutakiwa kwanza aweke asilimia 30 ya deni lililobaki, au ya thamani ya nyumba ikiuzwa kwa haraka. Kwa mfano wetu baada ya miaka mitano, asilimia 30 ya deni ni shilingi milioni 34.5. Aliyeshindwa na milioni 1.8 atazitoa wapi hizo?

Na mauti hayangoji miezi 240. Katika mirathi deni hutangulia, warithi hupewa kilichobaki, hilo lipo wazi katika Suratun Nisaa aya ya 11 na 12. Mtume (S.A.W.) aliletewa jeneza la mtu aliyeacha deni la dinari tatu bila cha kulilipia, akawaambia masahaba wamswalie wao, mpaka Abu Qatada alipolibeba deni lile. Dinari TATU! Sisi tunaoitwa kusimamia mirathi tumekaa na wajane waliojua habari za rehani siku ya arobaini, alipokuja mtu wa mnada kupiga picha ukuta.

Anayesema hakuna njia badala, ajue kuwa sheria ya mabenki ilirekebishwa mwaka 2016 kuruhusu benki za Kiislamu, na mwaka 2023 Salaam Bank ilipata leseni ya kwanza. Zipo murabaha, ambamo bei ya nyumba inatajwa siku ya kwanza na haiongezeki, na musharaka ya kupungua, ambamo mnamiliki pamoja na unanunua hisa za mwenzako kidogo kidogo. Lakini msikimbilie jina tu. Huko nako ulizeni jumla, ulizeni nyumba ikiungua hasara ni ya nani, na ukichelewa kulipa nyongeza inakwenda kwa nani. Jina la Kiarabu juu ya hesabu ile ile halijabadilisha kitu, na bei inaweza kuwa ghali vilevile.

Yule ndugu yetu hajaamua bado. Barua yake ina muda, na mkewe ameomba aione karatasi ya malipo yote ya miezi 240, siyo ya mwezi mmoja. Mwenye barua kama hiyo aje nayo madrasa Jumamosi baada ya Adhuhuri, aje na mwenza wake, na kikokotoo kama anacho. Fatwa tutaizungumza baada ya hesabu.

Wabillahi tawfiq.