Kuimba darasani si kelele

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nitoe dukuduku langu juu ya wakubwa wa shule wanaowazuia walimu wa madarasa ya chini kuimba na watoto.

Mjukuu wangu yumo darasa la kwanza hapa Ifakara. Majuzi mwalimu wake aliambiwa apunguze "kelele", na picha alizochora kwenye karatasi za mifuko ya saruji zikabanduliwa, eti zinachafua ukuta. Je, aliyetoa amri hiyo anajua watoto wale wametoka wapi?

Bonde la Kilombero si la kabila moja. Nyumbani kuna Kindamba, Kipogoro, Kimbunga na Kibena, na wafugaji waliohamia wamekuja na Kisukuma na Kimasai chao. Kiswahili ndiyo lugha ya kufundishia shule za msingi tangu 1967, lakini mtoto aliyekulia zizini, au kwenye dungu akiamia ndege mpungani, hakukisikia sana.

Mtoto huyo ukimweleza kwamba kiti huwa viti na mti huwa miti, atakutazama tu. Mwimbishe huku akipiga makofi, kiti kimoja viti viwili, mti mmoja miti miwili, na wiki haitaisha kabla hajaanza kuwasahihisha wenzake. Wala hakuna aliyemtajia neno ngeli! Hata sisi watu wazima tunaochanganya r na l, tungaliimbishwa mapema tusingalichekwa leo.

Picha nazo ziwe za kwetu. Kitabu chenye maghorofa na taa za kuongozea magari hakimfungui mtoto huyu mdomo. Mwalimu yule alichora mtumbwi, kambale, sheshe na treni ya TAZARA. Siku alipobandika ng'ombe, mtoto mmoja wa wafugaji, ambaye tangu Januari hakuwa amesema neno, alisimama akasema kwa Kiswahili cha kuungaunga kwamba ng'ombe huyo ana mimba. Wenzake walicheka, naye akaendelea kusema mpaka kengele ikalia.

Mtaala ulioanza 2015 kwa darasa la kwanza na la pili uliweka mbele kusoma, kuandika na kuhesabu. Sasa mtoto atasomaje lugha ambayo bado haitamki?

Nawaomba wahusika picha zile zirudi ukutani. Karatasi nitazitafuta mwenyewe. Gundi ni uji wa mchele, na mchele hapa kwetu haukosekani.

Babu wa mwanafunzi,
Ifakara, Morogoro.